Kamera ya Bwana Taa

Mwalimu mkuu ameniomba niandike kurasa chache kwa ajili ya walezi wapya wa shule yetu ya chekechea hapa Thika, kwa kuwa nimestaafu, ingawa bado nashinda hapa, na sasa eti nina muda. Nadhani alitarajia niandike jinsi ya kumbembeleza mtoto anayelia siku ya kwanza. Hilo mtajifunza wenyewe kabla ya saa nne asubuhi. Ninyi mmekuwa mkiulizana jambo jingine, kwa kunong'ona, mkidhani sisikii: kwa nini Mama Peresi, yaani mimi, akimwona mtu na kamera getini anageuka askari wa benki. Nitawajibu, lakini lazima nianzie Ruiru, miaka ya Emajensi, ile hali ya hatari iliyotangazwa na serikali ya kikoloni, wakati wengi wenu mlikuwa hamjazaliwa.

Nilitoka Maragoli kumfuata mume wangu Yohana, aliyekuwa amepata kazi ya kiwanda Thika. Wazungu wa mashamba ya kahawa walikuwa wameingiwa na hofu ya Wakikuyu, hata wale waliowapikia kwa miaka mingi, kwa hiyo mtu wa kutoka magharibi aliyejua kufua na kunyamaza alipata kazi upesi. Memsahib wa shamba moja nje ya Ruiru alitazama kucha zangu, akatazama nyuma ya masikio yangu, kisha akaniwekea mikononi mtoto wake wa kiume aliyelala na kuniambia nitembee naye barazani, nende nirudi. Mtoto hakuamka. Angeamka, labda ningeuza mboga maisha yangu yote.

Aliyenifundisha kazi hakuwa memsahib, bali mpishi, Mzee Salim. Alikuwa Mwislamu wa mtaa wa Majengo, Thika, baba yake askari wa Kisudani na mama yake Mkamba, na alikuwa amepita jikoni kwa Wazungu wengi kuliko alivyopenda kuwakumbuka. Alinifundisha kupima maji ya kuoga kwa kiwiko, kwa sababu kiganja cha mtu anayefua kimekufa ganzi. Alinifundisha kutia vidole vyangu kati ya pini ya nepi na ngozi ya mtoto, ili pini ikiteleza inichome mimi. Tena alinifundisha kutembea nyumbani mle mikono ikiwa mbele, mahali inapoonekana. Nilimuuliza kama wanatudhania wezi.

"Wezi ilikuwa zamani, binti yangu," akasema. "Siku hizi wanatudhania wauaji."

Hakuwa anatania. Bwana alikula chakula bastola ikiwa mezani, kando ya sahani ya siagi. Saa kumi na mbili jioni sote tulitolewa nje na mlango ukakomewa kwa ndani, na asubuhi tulifunguliwa mmoja mmoja tukitazamwa kama tumebadilika usiku.

Watoto walikuwa wawili. Timi, yule aliyelala mikononi mwangu, alikuwa na miaka minne na usiku bado alivaa nepi. Dada yake Susan alikuwa na saba, na Kiswahili chake kilikuwa safi kuliko cha wazazi wake wote wawili, kiasi kwamba mama yake akitaka kunigombeza vizuri ilibidi amwite mtoto atafsiri. Susan alikuwa akikojoa kitandani. Salim alisema ilianza wakati bastola ilipohamia mezani. Mimi na Susan tulikuwa na mpango wetu ambao hatukuwahi kuupanga kwa maneno. Mlango ukifunguliwa nilikwenda chumbani kwake kwanza, nikachukua shuka, nikalitia chini kabisa kwenye kapu la nguo chafu, na likawa limeshafuliwa na kuanikwa nyuma ya jikoni kabla memsahib hajanywa chai. Siku ambazo shuka lilikuwa kavu, Susan alinisalimu kwa sauti. Siku nyingine alitazama dirisha.

Kisha kamera ikaja. Ndugu ya Bwana aliituma kutoka Ulaya, kamera ndogo ya sinema, ya kutiwa ufunguo kama saa, na ikifanya kazi ililia kama cherehani ya chumba cha pili. Kwa picha za ndani ya nyumba Bwana alinunua taa mbili kubwa zilizosimama kwenye miguu ya chuma, kali kiasi cha kukufanya utokwe na machozi. Watu wa shamba wakampa jina, Bwana Taa. Alisema, na Susan akatutafsiria, kwamba ni kwa ajili ya familia, wapate kujifurahisha na kukumbuka.

Mwanzoni sikushuku kitu. Nani angemshuku baba kwa kutaka picha za watoto wake? Kisha siku moja nilimwona akichukua sungura wa kitambaa wa Timi, ambaye Timi hakulala bila yeye, na kumweka juu ya kabati. Akawasha taa. Timi alimtafuta sungura chini ya kiti, chini ya meza, akaanza kulia, na Bwana akawa anamzunguka na kamera huku anacheka taratibu. Ufunguo ulipokwisha nguvu akamrudishia. Mtoto aliponyamaza, Bwana akatia ufunguo tena, na sungura akarudi juu ya kabati.

Kuanzia hapo nikawa nasikiliza ile sauti ya cherehani. Tulipokwenda matembezi kwenye maporomoko ya Chania, karibu na hoteli ya Wazungu, aliwasimamisha watoto kwenye mwamba wenye utelezi na kuwaamuru wakimbie waje kwake. Walikimbia. Akasema warudie, kwa kuwa Susan hakucheka. Walirudia mpaka Timi akaanguka na kuchubuka goti, na Bwana hakuiweka kamera chini hadi memsahib alipomwita kwa jina. Njiani kurudi nililifunga goti kwa leso yangu, na Susan akaniuliza kama nadhani sasa amecheka vya kutosha.

Jambo linalofuata nililifanya mimi, na ndilo sababu hasa ya kuandika haya. Bwana alitaka picha za watoto wa wafanyakazi. Akaniambia, "Yaya, lete toto ya shamba. Toto mingi. Pesi." Aliwahi kuwaita mwenyewe wakamkimbia. Mimi walinizoea kwa kuwa niliwapa makombo ya mkate. Nikaenda kwenye laini, zile nyumba za wafanyakazi, nikawaita, wakanifuata hadi kwenye nyasi mbele ya baraza. Bwana akamwaga peremende chini, kwenye vumbi, akawasha kamera. Mnaweza kujua kilichotokea. Msichana mmoja, Njeri, wa miaka sita hivi, aliangushwa, gauni likampanda hadi kichwani, akainuka na peremende mdomoni pamoja na udongo wake, akatazama kamera moja kwa moja.

Jioni ile mama yake alinisubiri njiani. Wairimu alikuwa mchuma kahawa, mwanamke mwembamba asiyepoteza maneno.

"Yaya, ile picha inaenda wapi?"

Nilimwambia inapelekwa Ulaya kusafishwa, halafu inarudi.

"Inarudi kwa nani?"

"Kwa Bwana."

"Na yeye anaonyesha nani?"

Nikasema sijui. Akageuza kichwa kutazama laini. Kisha akasema, "Mtoto wangu ana uso wa baba yake. Kila mtu anasema hivyo. Na mimi nimeandikisha kwa karani kwamba baba yake yuko Nakuru." Sikuuliza kama yuko msituni na wapiganaji, kwa sababu miaka ile ukijua jambo ulikuwa umebebeshwa. Alipoondoka alisema kwamba kama Bwana angewaita mwenyewe, Njeri asingekwenda.

Haukupita muda, asubuhi moja, Bwana akaamua kupiga picha ya watoto wakiamka. Nilikuwa chumbani kwa Susan, shuka lililolowa mikononi mwangu, yeye amesimama na gauni la kulalia lililomgandia miguuni, mlango ukafunguliwa na taa zikaingia. Bwana alishangaa kidogo. Kisha akacheka, akatia ufunguo.

"Yaya, kamata shuka juu. Juu sana."

Nililiinua. Nimejiuliza mara nyingi kwa nini sikuliangusha tu. Nililiinua mpaka likaziba uso wangu, na nyuma yake nikasikia cherehani ikilia na Susan akisema neno moja kwa Kiingereza, "Please," mara mbili.

Mkanda ulikwenda Ulaya. Kwa wiki nyingi Susan alikuwa wa kwanza kuulizia mfuko wa barua kila ulipoletwa kutoka stesheni ya Ruiru. Bwana alidhani ana hamu, akafurahi sana. Usiku Susan alikojoa zaidi, na mchana akawa haingii chumba chochote kabla ya kuchungulia nyuma ya mlango.

Mkanda ukarudi, ukaonyeshwa Jumapili alasiri, mablanketi yametundikwa madirishani na mojawapo ya mashuka niliyoyapiga pasi limepigiliwa ukutani. Walikuja majirani na inspekta mmoja wa polisi na mkewe. Mimi nilikaa nyuma na Timi mapajani. Alipojiona ukutani akimtafuta sungura, Timi alianza kulia upya, na wageni wakafurahia kuwa na Timi wawili. Zikaja peremende. Njeri alianguka, akainuka, akatutazama sote. Inspekta akasema kitu. Kiingereza changu kilikuwa kidogo, lakini nilishika neno moja, "again," yaani tena. Bwana akaurudisha mkanda nyuma, watoto wakatembea kinyumenyume wakitema peremende, kisha Njeri akaanguka tena, akainuka tena, akatazama tena. Wote walicheka. Inspekta naye alicheka, lakini alikuwa ameinama mbele, viwiko magotini. Sikujua kama anautazama mwanguko au uso.

Halafu ikaja picha ya kitanda. Susan alikuwa amekaa zuliani, mbele ya watu wote. Hakulia. Alicheka pamoja na wageni, kicheko cha mtu mzima aliyealikwa kwa watu asiowajua. Baadaye nilimtafuta nyumba nzima, nikamkuta kabatini, amekaa juu ya viatu vya baba yake.

Akaniambia kwamba Jumapili inayofuata watakuja watoto wa shuleni kwake, nao wataonyeshwa.

"Umemwambia mama?"

"Amesema ni mchezo tu. Yaya, mwambie wewe."

Nikamwambia. Nilimngoja memsahib awe peke yake, anapanga maua, nikasimama mikono mbele kama nilivyofundishwa. Nikasema Susan hataki ile picha ya kitanda ionekane.

"Nani nasema?"

"Susan, memsahib."

"Hapana. Nani nasema wewe kusema?"

Sikumwelewa mpaka aliponiuliza ni watu gani huko kwenye laini wanaozungumza habari za picha, na wanazungumza wapi, na saa ngapi. Ndipo nikaona kwamba mbele yake hakukuwa na yaya wala mtoto anayeona aibu, bali kikao cha siri. Nikamfikiria Wairimu. Nikajibu kwamba hakuna mtu, lakini nilichelewa kidogo kujibu, na kule kuchelewa ndiko kulikonifukuzisha kazi, ingawa barua ya kunifukuza ilisema vingine.

Ijumaa asubuhi nilipoinua kapu la nguo chafu lilikuwa zito. Nilifunua shuka la Susan. Ndani yake kulikuwa na mkebe bapa wa mkanda. Nilipogeuka alikuwa mlangoni, ameshika kitasa kwa mikono miwili. Hakuniomba kitu. Ningeweza kuurudisha kwenye rafu, dakika moja tu, hakuna ambaye angejua. Nilimfikiria Yohana, na jinsi mfanyakazi anayekamatwa na kitu cha Bwana wakati ule asivyoulizwa kwa nini. Susan alisogea kando kunipisha, nami nikalibeba kapu nje kama asubuhi zote.

Nyuma ya jikoni kulikuwa na pipa la maji ya kuoga, na moto chini yake. Kabla ya kuutia niliunyoosha mkanda kidogo juani. Picha zilikuwa ndogo kabisa. Njeri alikuwa kama punje ya mchele. Nilidhani utashika moto kama karatasi, lakini ulijikunja polepole, ukayeyuka, ukatoa harufu kali. Mzee Salim akatoka jikoni, akanusa.

"Leo maji yananuka siki," akasema.

Nikamwambia nimechoma kiatu cha mpira. Akatazama miguu yangu, viatu vyote viwili, akarudi ndani. Mkebe niliutupa kwenye choo cha shimo.

Jumamosi mkanda ukatafutwa. Waliletwa askari, tukapangwa uani, mimi, Salim na mtunza bustani, kila mmoja na sanduku lake wazi mbele yake. Hatukutazamana. Nilikuwa namwaza Salim na pua yake, naye bila shaka alikuwa ananiwaza mimi, na mtunza bustani alituwaza sote. Kisha nikasikia cherehani. Bwana alikuwa ameileta kamera. Alimpiga picha askari akiinua shimizi langu kwa fimbo, akapita kwenye Biblia yangu, kwenye matambara yangu ya mwezi niliyokuwa nimeyakunja vizuri, kisha akaja usoni pangu, karibu hata nikaona kope zangu kwenye kioo chake. Nilitaka kumwomba aache. Nikatambua kwamba nisingejua niombe kwa neno gani, na kwamba Susan alilijua neno na halikumsaidia.

Susan alikuwa barazani. Nilimwona akifungua mdomo, na nikajua atakachosema.

"Susan," nikamwambia, kwa sauti ya kila siku, "kavae viatu, kuna siafu."

Alisita. Kisha akaingia ndani.

Hawakupata kitu. Jumatatu memsahib alinipa barua, ambayo Yohana alinisomea baadaye: mlezi mzuri, anaingilia mambo ya nyumba. Alipokuwa ananipa aliuliza kwa sauti ya chini, "Susan ndiyo nachukua?"

"Kuchukua nini, memsahib?"

Akaikunja barua tena, ingawa ilikuwa imekunjwa tayari. Salim alinipa nusu ya mkate ndani ya karatasi bila kunitazama, na sikujua kama ni kuniaga au kuniomba radhi.

Ule mkanda wa mwisho sijawahi kuuona. Labda uko katika nyumba fulani Ulaya, na wageni wakichoka na mazungumzo huonyeshwa mwanamke mweusi aliyesimama kando ya nguo zake za ndani. Kwa hiyo, walezi, mtu akija getini na kamera, awe mzazi, awe mgeni mfadhili mwenye tabasamu, namuuliza alichoniuliza Wairimu. Inaenda wapi, na ataonyeshwa nani. Halafu naenda kumuuliza mtoto mwenyewe, na nikiona amecheka haraka mno, nahesabu kwamba amekataa. Wengine wenu mnaniona mkorofi. Endeleeni.

Sikwenda stesheni moja kwa moja siku ile niliyofukuzwa. Nilipita kwenye mibuni, sanduku kichwani, nikamkuta Wairimu akichuma. Nilimwambia picha ya Njeri imeungua, niliiona kwa macho yangu. Hakuacha kuchuma. Akaniuliza nani amenituma. Nikasema hakuna, nimefukuzwa. Alilitazama sanduku.

"Kabla haijaungua, nani aliitazama?"

Ningeweza kumdanganya, na siku ile angelala vizuri. Nikamwambia habari za inspekta, na jinsi mkanda ulivyorudishwa nyuma, na jinsi alivyoinama. Wairimu aliiweka mikono ndani ya kahawa iliyokuwa kikapuni, akaiacha humo kwa muda kama anayepasha vidole joto. Kisha akakivua kikapu kiunoni, akakiweka chini ya mti kikiwa nusu, akaenda kumwita mtoto. Hakuniaga, wala sikustahili kuagwa.

Miezi kadhaa baadaye nilimkuta Mzee Salim sokoni Thika, akichagua vitunguu. Alinieleza bila kuulizwa. Jumatano ya wiki ile niliyofukuzwa lilikuja gari la polisi kwenye laini, yule inspekta amekaa mbele. Walipanga watu wote nje, wakauliza msichana aliyeanguka kwenye peremende ni wa nani. Waliuliza wanawake, wakauliza wazee, mwishowe wakawauliza watoto wenyewe, wale wale niliowaita kwa mkate. Wote walisema hawajawahi kumwona mtoto kama huyo.